Dakio, Dambo na Bamvua: Maji ya Songwe katika Lugha Tatu

Mkoa wa Songwe una mito miwili yenye jina moja. Songwe wa kusini unaanzia milimani, karibu na pembe ambako Tanzania, Zambia na Malawi zinakutana. Unateremka kupitia Ileje na Kyela, sehemu kubwa ya njia ukiwa ndio mpaka wa Tanzania na Malawi, hadi unapoingia Ziwa Nyasa. Songwe wa kaskazini unatokea upande wa Mbeya, unapita penye chemchemi za maji moto ambazo kwa karne na karne zimejenga mawe ya chokaa, kisha unaishia Ziwa Rukwa. Maji ya Nyasa hutoka kwa Mto Shire, huungana na Zambezi na kuifikia Bahari ya Hindi huko Msumbiji. Ya Rukwa hayana pa kutokea. Ziwa hilo halina mlango: maji yanayoingia huchukuliwa na jua, na chumvi iliyokuja nayo hubaki.

Tunduma umekaa karibu na mgongo unaoyatenga maji hayo. Upande wa kaskazini mvua hukimbilia Mto Momba na kuishia Rukwa. Milima ya Ileje humwaga kwa Songwe wa kusini. Ukivuka mpaka ukaingia Nakonde na kuendelea kusini magharibi ndani ya Zambia, unaifikia mito inayoulisha Chambeshi, ambao ndio chanzo cha mbali kabisa cha Mto Kongo, na Kongo humwaga katika Bahari ya Atlantiki. Kwa mwendo wa gari wa saa chache, basi, mtu anaweza kukusanya matone yanayokwenda bahari mbili tofauti na mengine yasiyokwenda bahari yoyote. Miji ya mipakani ni mingi Afrika Mashariki. Yenye bahati ya namna hii ya kijiografia, na shida ya maji juu yake, ni michache.

Mkazi wa Tunduma anayesubiri zamu yake kwenye kituo cha kuchotea maji ana hazina tatu za maneno ya kuyazungumzia maji hayo. Ya kwanza ni Kiswahili, lugha iliyokulia ufukweni. Ya pili ni lugha za uwanda: Kinyiha, Kinyamwanga, Kindali, Kilambya, Kiwanda, na jirani zake Kibemba na Kinyanja ng'ambo ya mpaka. Ya tatu ni msamiati wa sayansi ya maji, ambao humfikia kupitia shule, ofisi za mabonde na vibao vya miradi. Kila hazina ilitengenezwa na watu waliokuwa na kazi maalumu kwenye maji ya aina fulani. Ikihamishwa penye maji ya aina nyingine, huanza kupapasa. Nadhani sehemu kubwa ya kutoelewana kuhusu maji mkoani Songwe, kati ya mkulima na afisa, kati ya mwanafunzi na kitabu chake, inatokana na maneno yaliyohama bila kuulizwa yanakwenda kutazama nini.

Tuanze na Kiswahili chenyewe. Mvuvi wa Kilwa au Pemba hahitaji kitabu cha sayansi ili aseme jambo la kisayansi kuhusu maji ya bahari. Maji hujaa na kupwa. Mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, bahari hujaa sana na kupwa sana, nayo ni bamvua. Kati ya vipindi hivyo huja maji mafu, yasiyopanda wala kushuka kwa kiasi kikubwa. Mtaalamu wa bahari akija na vipimo vyake, atakachoongeza ni hesabu ya mvuto wa mwezi na jua. Mgawanyo wenyewe ameukuta tayari, umekamilika, una majina mafupi ambayo mtoto anayajua. Visima vya pwani navyo vina elimu yake. Maji baridi ya kunywa hukaa juu ya maji ya chumvi yaliyoingia chini ya ardhi kutoka baharini, na fundi wa visima wa Unguja anajua kwamba ukichimba kina kirefu mno kwa tamaa, utapata chumvi. Mwishoni mwa karne ya 19, Mholanzi Badon Ghyben, na baada yake Mjerumani Herzberg mwaka 1901, walikokotoa jambo hilo: kila mita moja ya maji baridi iliyo juu ya usawa wa bahari hubebwa na takriban mita 40 za maji baridi chini yake. Ndiyo maana kushusha maji ya kisima kwa mita moja tu ni hatari kubwa kuliko inavyoonekana kwa macho. Hapo sayansi na pwani zimekaa meza moja bila kugombana.

Panda sasa hadi Mbozi, zaidi ya mita 1,500 juu ya bahari, na uulize bamvua inafaa nini. Lakini msamiati wa pwani haukuishia kwenye mawimbi. Ulibeba pia majira. Watoto wengi wa Tanzania wamekariri kwamba mvua ni mbili, vuli na masika. Hiyo ni kweli ya Tanga, Dar es Salaam na Kilimanjaro. Songwe, kama Rukwa, Mbeya, Njombe na mikoa mingine ya kusini na magharibi, hupata msimu mmoja mrefu, kuanzia Novemba hadi Aprili hivi. Mamlaka ya Hali ya Hewa inalijua hilo vizuri, na katika utabiri wake hutenganisha vuli na masika za kaskazini na pwani na kile inachokiita mvua za msimu. Tatizo liko darasani na redioni, ambako lugha ya pwani ndiyo lugha ya taifa na majira yake yameonekana kuwa majira ya taifa. Mtoto wa Vwawa akiulizwa kwenye mtihani mvua za vuli hunyesha lini, anatakiwa aitupe elimu ya shamba la baba yake ili apate alama.

Na kuna neno jingine katika utabiri huo linalohitaji uangalifu: wastani. Mamlaka inaposema mvua za msimu zitakuwa za wastani hadi chini ya wastani, inalinganisha na hesabu ya miaka mingi, kwa desturi 30, na inataja uwezekano, haitoi ahadi. Mkulima husikia tofauti. Kwake wastani ni kiasi cha kutosha, na utabiri ni neno la mtu aliyeona. Mvua ikija nyingi baada ya kutabiriwa chini ya wastani, anasema wamekosea. Huenda hawakukosea. Walisema jambo linaloweza kutokea mara saba katika kumi, na mwaka huo umeangukia kwenye tatu zilizobaki. Mila za zamani za mvua zilikuwa na njia yao ya kubeba mashaka hayo: tambiko lisipojibiwa, kosa lilitafutwa katika jamii, nani amevunja mwiko, nani hakupatanishwa na ndugu yake. Sayansi haimtafuti mkosaji, na hilo ni jema. Ila bado haijapata Kiswahili kizuri cha kumwambia mkulima kwamba utabiri sahihi unaweza usitimie.

Maneno ya uwandani yamekwenda mbali kuliko wengi wanavyodhani. Moja limefika katika majarida ya sayansi ya dunia nzima na halijapata nafasi inayostahili katika vitabu vyetu. Neno hilo ni dambo. Katika Kinyanja na lugha jirani, dambo ni bonde pana, la kina kifupi, lisilo na miti, lenye nyasi na udongo mweusi, linalolowa maji wakati wa mvua na kubaki na unyevu kiangazi kinapokuwa kikali. Mara nyingi liko kwenye kichwa cha kijito, mahali ambapo mto bado haujawa mto. Anayesafiri kwa barabara kuu kutoka Tunduma kwenda Isoka au kurudi Mbozi hupita mabonde ya namna hii pasipo kuyatambua, maana hayana kishindo. Wataalamu wa kizungu waliotumwa Rhodesia ya Kaskazini katika miaka ya 1930 walikuta kwamba lugha zao hazina neno la kitu hicho. Huko kwao mto una ukingo na kinamasi kina mpaka. Hapa palikuwa na kitu cha katikati. Wakachukua dambo kama lilivyo. Colin Trapnell, aliyefanya upimaji mkubwa wa udongo, uoto na kilimo wa nchi hiyo na kuchapisha kitabu chake kuhusu kaskazini mashariki mwaka 1943, alisikiliza sana namna wakulima walivyoipanga ardhi yao kwa kuangalia miti na udongo.

Upande wetu wa mpaka jambo kama hilo lilitokea kwa neno mbuga. Geoffrey Milne, mtaalamu wa udongo katika kituo cha utafiti cha Amani, Usambara, aliona kwamba katika Afrika Mashariki aina za udongo hufuatana kwa mpangilio uleule kutoka kilele cha kilima hadi bondeni: mwekundu juu, wa kijivu ubavuni, mweusi wa mfinyanzi chini. Mwaka 1935 akaupa mpangilio huo jina la Kilatini lenye maana ya mnyororo. Dhana hiyo sasa hufundishwa katika vyuo vya kilimo duniani kote. Udongo mweusi wa chini, unaopasuka kiangazi na kunasa gari masika, aliuita kwa jina la wenyeji, mbuga. Leo ukimtajia kijana mbuga, atafikiria tembo na tiketi ya kuingilia. Maana ya maji na udongo imesukumwa pembeni na utalii.

Sifa ya dambo ina sura ya pili, na humo sayansi iliteleza. Kwa miongo mingi wataalamu waliamini kwamba dambo hufanya kazi kama sifongo: hunyonya mvua, hukaa nayo, kisha huikamua pole pole mtoni wakati wa kiangazi. Mfano ulipendeza, ukashika. Ulipendeza kiasi kwamba ukaingia katika sheria. Rhodesia ya Kusini ilitumia sheria ya maji ya 1927 na ile ya maliasili ya 1941 kuwazuia wakulima wa Kiafrika kulima mabonde hayo, kwa hoja kwamba jembe lingeliharibu sifongo na mito ingekauka. Wakulima walikuwa na hoja yao: bondeni ndiko kulikowalisha miezi ya njaa, na mashimo yao madogo ya kumwagilia hayakumaliza maji. Mwaka 1992 mtaalamu wa haidrolojia A. Bullock alipoupitia upya ushahidi uliokusanywa, aliona kwamba hauungi mkono dhana ya sifongo. Nyasi na jua huchukua sehemu kubwa ya maji ya dambo kabla hayajafika mtoni. Mito mingi hulishwa kiangazi na maji yaliyopenya kwenye miinuko, chini ya misitu na mashamba ya juu, huku dambo likiwa ni mahali yanapoonekana tu.

Nalitaja hili kwa kirefu kwa sababu Tanzania nayo ina mjadala wake wa vinyungu, yale matuta ya bondeni ya Iringa na Njombe, na mjadala huo hurudi kila ukame unapokuja. Upande mmoja unasema vinyungu vinaua mito. Upande wa pili unasema babu zetu walilima na mito ikatiririka. Msamiati unaotumika pande zote mbili ni wa bondeni: ardhi oevu, chanzo, chepechepe. Mlima hautajwi. Ikiwa maji ya kiangazi yanatoka juu, basi mti uliokatwa kwa mkaa kilomita tatu kutoka bondeni unaweza kuwa na kesi kubwa kuliko tuta la mboga la mama mmoja. Sisemi kila kinyungu kiachwe. Bonde lililochimbwa mtaro mrefu hadi likakauka limeharibiwa, na hakuna nadharia ya kulitetea. Nasema adhabu ikitolewa, itolewe kwa kujua maji yanatoka wapi.

Hapo ndipo neno chanzo linapoleta matatizo. Katika Kiswahili cha ofisi, chanzo cha maji ni mahali: jicho la chemchemi, kichwa cha mto, kisima, hata ziwa. Kifungu cha 57 cha Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 kinazuia shughuli za kudumu za kibinadamu ndani ya mita 60 kutoka kingo za mito, fukwe za bahari na maziwa ya asili na mabwawa. Mita 60 zimekuwa wimbo. Viongozi wa vijiji wanazijua, vibao vinazitaja, mahakama zimezisikia. Ni sheria nzuri kwa kazi yake: huzuia mbolea, dawa za mashamba na kinyesi cha ng'ombe kuingia majini moja kwa moja, na hushika ukingo usibomoke. Lakini watu wengi, baadhi yao ni wenye mamlaka, wamejifunza kwayo kwamba ukishazungushia mita 60 umeokoa maji. Chemchemi haizaliwi ndani ya duara hilo. Mvua iliyoilisha huenda ilianguka juu ya kilima kisichoonekana kutoka hapo, miezi mingi au miaka kadhaa iliyopita.

Neno linaloitaja sehemu hiyo ya juu lipo katika Kiswahili cha kitaalamu, nalo ni zuri kuliko chanzo: dakio, au kidakio likiwa dogo. Limetoka kwenye kudaka. Dakio ni eneo lote linaloidaka mvua na kuielekeza mahali pamoja. Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya 2009 imejengwa juu ya wazo hilo, na Tanzania imegawanywa katika mabonde tisa, kila moja na bodi yake. Mkoa wa Songwe umegawanyika kati ya mawili: Bonde la Ziwa Rukwa, ambalo ofisi yake iko Mbeya, na Bonde la Ziwa Nyasa, lenye ofisi Tukuyu. Mpaka wa mabonde haujali mpaka wa wilaya, na pengine ndiyo sababu wanasiasa hawaupendi sana. Sayansi yenyewe haikufika kwenye wazo hili kwa lugha iliyonyooka. Mwingereza ana neno moja analolitumia kwa mgongo unaotenganisha maji, na Mmarekani hulitumia neno hilohilo kwa bonde zima lililo chini ya mgongo. Vitabu vyao vikikutana kwenye dawati moja la mwanafunzi wa Mzumbe au Sokoine, maana zinapishana. Kiswahili, kwa mara moja, kina bahati: mgongo ni mgongo na dakio ni dakio.

Mila za nyanda za juu zilifika kwenye dakio kwa njia nyingine. Katika simulizi za kusini mwa Tanzania, chemchemi kubwa haikosi mlinzi, mara nyingi nyoka, na msitu ulio juu yake haukatwi ovyo kwa kuwa ni mahali pa kuzika wakuu au pa kutambikia. Monica Wilson, mwanaanthropolojia aliyefanya kazi Rungwe tangu miaka ya 1930, aliandika kwa kina kuhusu misitu ya matambiko, na mwaka 1958 akachapisha utafiti juu ya watu wa ukanda mzima ulio kati ya Ziwa Nyasa na Ziwa Tanganyika, ukanda ambao Tunduma umo ndani yake. Anayesoma simulizi hizo kwa jicho la haidrolojia anaona jambo: mwiko haukulinda jicho la maji peke yake, ulilinda msitu wa juu. Eneo lake lilikuwa kubwa kuliko mita 60, na umbo lake lilifuata kilima. Sitaki kuwafanya mababu kuwa wahandisi. Hawakusema kwamba mizizi huusaidia udongo kunyonya mvua. Walisema kuna anayekaa pale. Msitu ulisimama kwa sababu waliogopa, na hofu ikiondoka, kama ilivyoondoka kwa dini mpya na shoka jipya, hakuna hoja iliyobaki mahali pake. Sayansi ina hoja na haina hofu. Mkaa unauzwa Tunduma kila siku mbele yake.

Kwa habari ya maji yasiyoonekana, hakuna taifa lenye haki ya kuwacheka wengine. Hadi karne ya 17 wasomi wengi wa Ulaya waliamini kwamba chemchemi hulishwa na bahari kupitia mapango ya chini ya ardhi, chumvi ikichujwa njiani, kwa kuwa mvua ilionekana kidogo mno kuijaza mito. Mwaka 1674 Pierre Perrault alichapisha hesabu yake ya sehemu ya juu ya Mto Seine huko Ufaransa: alikadiria mvua iliyoanguka, akakadiria maji yaliyopita mtoni, akakuta mvua inatosha mara sita. Ulaya ikaanza kuamini. Lakini zaidi ya miaka 600 kabla yake, mwanahisabati Muhammad al-Karaji alikuwa ameandika kwa Kiarabu kitabu kizima juu ya kuyatoa maji yaliyofichika: mimea inayoonyesha maji yako karibu, aina za udongo, namna ya kuchimba njia ya chini kwa chini ili maji yatoke kwa mteremko wake. Ujuzi wa aina hiyo ndio ulio katika mifereji ya falaji ya Oman, mitano kati yake ikiwa katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu 2006. Wazanzibari wenye ndugu Nizwa na Rustaq wameiona kwa macho yao.

Kwa fundi wa maji wa leo mtu muhimu zaidi ni Henry Darcy, mhandisi wa mabomba ya mji wa Dijon. Mwaka 1856, akishughulikia machujio ya mchanga, alionyesha kwamba kasi ya maji ndani ya mchanga hutegemea tofauti ya urefu wa maji kati ya sehemu mbili na ukarimu wa mchanga wenyewe kupitisha. Kutokana na hilo tunajua kwamba chini ya Mbozi hakuna mto wa giza unaokimbia, kama wachimbaji wengi wa visima wanavyowaahidi wateja. Kuna maji yanayojipenyeza kwenye nyufa za miamba na kwenye udongo uliooza juu ya mwamba, mara nyingi kwa mwendo wa sentimita chache kwa siku, pengine pungufu. Kisima kinachochimbwa pasipo nyufa hukosa maji hata kikiwa mita 20 kutoka kisima chenye maji. Mteja akisema ametapeliwa, huenda ni kweli, na huenda ni mwamba. Na mtafsiri mvivu wa Kiingereza akimwandikia kwamba amechimba akafika kwenye meza ya maji, asishangae msomaji akiitafuta miguu ya meza hiyo. Kima cha maji ardhini kinatosha.

Vipimo ndivyo vinavyoweza kuziunganisha lugha zote tatu kwa gharama ndogo. Milimita moja ya mvua maana yake ni lita moja kwa kila mita ya mraba. Nyumba yenye paa la bati la mita 6 kwa 8 ikipata mvua ya milimita 20 inaweza kukinga lita 960, madumu 48 ya lita 20, pasipo kuhesabu yanayopotea. Yuniti moja kwenye bili ya maji ni mita moja ya ujazo, lita 1,000, madumu 50; mnunuzi wa maji ya mkokoteni akijua hilo, anaweza kulinganisha bei mwenyewe na kuuliza maswali. Chemchemi inayojaza ndoo ya lita 20 kwa sekunde 20 inatoa lita moja kwa sekunde, yaani lita 86,400 kwa siku, madumu 4,320. Huhitaji maabara, unahitaji ndoo, simu yenye saa, na kurudia kipimo kila mwezi kwenye daftari. Oman waliigawa falaji kwa muda, zamu ya takriban nusu saa ikiitwa athar, ikihesabiwa kwa kivuli mchana na nyota usiku. Wachagga waliigawa mifongo ya Kilimanjaro kwa zamu za wenye mashamba. Mtu anayegawa maji kwa muda anakubali kwamba mwaka wa ukame kila mmoja atapata pungufu. Anayegawa kwa mita za ujazo, kama kibali cha kutumia maji kinavyofanya, ameandika namba ambayo mto unaweza kuishindwa. Kwa mito midogo ya Songwe, utaratibu wa zamu una busara kuliko namba iliyogandishwa kwenye karatasi, na sioni kwa nini jumuiya ya watumia maji isiutumie pamoja na kibali chake.

Juu ya ubora wa maji sitasema mengi. Msemo wa maji safi na salama umezoeleka hadi maneno mawili yamekuwa moja, na ni kosa la hatari. Usafi huonekana kwa jicho. Usalama unahitaji kipimo cha vijidudu na kemikali. Floridi haina rangi wala harufu. Kiwango kinachopendekezwa na Shirika la Afya Duniani ni miligramu 1.5 kwa lita, na Tanzania kwa muda mrefu ililazimika kuvumilia hadi 4 kwa sababu ya maji ya Bonde la Ufa. Maji ya kisima yasiyotoa povu watu huyaita ya chumvi, ilhali mara nyingi yana chokaa, na dawa ya chokaa ni tofauti na dawa ya chumvi. Mbozi, nchi ya kahawa, ina suala lake: maji ya kuoshea kahawa mbivu yana sukari na utelezi wa matunda, na yakiachiwa kijitoni vijidudu huvimeng'enya na kuimaliza oksijeni ambayo samaki na viumbe wengine wanaihitaji. Yanaweza kuonekana kama uchafu mdogo wa kawaida. Na kila kinachoingia kwenye mito ya upande wa Rukwa kinaelekea ziwa lisilo na mlango.

Siku hizi kuna mipango mikubwa juu ya maji hayo. Tanzania na Malawi zilitia saini mwaka 2017 mkataba wa kuunda kamisheni ya pamoja ya Bonde la Mto Songwe, mto ambao kila unapohama kitanda chake huyumbisha mpaka wa nchi mbili. Kuleta maji Tunduma kutoka mito ya Ileje ni wazo ambalo limetajwa mara nyingi. Maji ya dakio la Nyasa yakipelekwa kutumika katika mji ambao maji yake machafu huelekea Rukwa, hayo ni maji yaliyobadilishiwa ziwa. Huenda ni uamuzi sahihi, mji una kiu na Ileje ina mvua. Lakini wananchi wa pande zote mbili wana haki ya kuuamua kwa maneno wanayoyaelewa, na neno la kwanza wanalolihitaji hapo ni dakio.

Wanaoandaa vitabu vya shule na mabango ya bodi za mabonde kwa ajili ya Songwe wana kazi inayowezekana. Waanze na mvua za msimu, Novemba hadi Aprili. Wafuatishe mgongo wa Tunduma na maziwa mawili. Dambo lirudishwe kwa wenyewe, likiwa na maelezo ya kosa la sifongo. Kibao cha mita 60 kiwe na mchoro wa kilima kilicho juu yake. Kamusi ya Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili (TUKI) ya biolojia, fizikia na kemia ilitoka mwaka 1990, lakini mtoto wa Kitanzania bado anajifunza mzunguko wa maji kwa Kiswahili msingi na kuanza upya kwa Kiingereza sekondari. Basi angalau zile hatua za mwanzo ziwe za maji anayoyachota. Bamvua na maji mafu wawaachie kwanza watoto wa Pangani, watakuja kufundishana wakikutana chuoni.